Nyota Mbili Nilizosema ni Moja

Kanazi, Ngara,
Jumapili baada ya Misa.

Mpendwa dada yangu Verediana,

Tumsifu Yesu Kristo. Shikamoo dada. Habari za Kaniha, shemeji na mguu wake anaendeleaje, na mahindi mmeshayaingiza ndani? Sisi huku ni wazima kwa neema ya Mungu. Mume wangu Novatus anakohoa kidogo kwa vumbi la kiangazi, lakini sahani anaimaliza, kwa hiyo sina wasiwasi naye. Najua utajiuliza kwa nini nimeandika wakati simu zipo. Simu yako, dada, huwa unaiweka sauti ya juu mpaka majirani wanaitikia salamu zangu, na haya ni ya kwako peke yako. Usizicheke pia herufi zangu, kubwa kama za mtoto wa darasa la kwanza. Sababu utaikuta mbele.

Dada, nimeona jambo! Tangu Alhamisi sijatulia, hata rozari naisali huku natabasamu peke yangu.

Ilikuwa hivi. Jumuiya yetu tulikuwa tumemaliza sala ya jioni kwa Nyamizi, jirani yangu unayemjua kwa mdomo wake, ndipo mwalimu Ndizeye wa sekondari akapita kutukaribisha. Alisema shule imepata darubini, lile bomba la kutazamia mbinguni, na wazazi nao waje waone. Nyamizi alikuwa wa kwanza kuinuka. Alisema kama mbinguni panaonekana, anataka kuangalia kama marehemu mume wake ametulia huko au bado anatafuta rubisi, ile pombe yake ya ndizi. Tulikwenda tukicheka, rozari shingoni, giza ndiyo kwanza linaingia.

Mwalimu akatuonyesha nyota moja upande wa kusini, juu ya vilima, ile inayong'aa zaidi katika zile mbili zinazousindikiza Msalaba wa Kusini. Kwa macho ya kawaida ni moja, hilo hata wewe ukitoka nje utaliona. Akasema kila mtu achungulie kwa zamu, kisha amnong'oneze sikioni ameona nyota ngapi, asimwambie mwenzake. Zamu yangu ikafika. Jicho la kulia lilikuwa linatoa machozi kwa vumbi, basi nikalifunika kwa kanga, nikachungulia kwa la kushoto.

Dada, nikaona mbili! Zimekaribiana kama punje mbili za maharage ndani ya ganda moja, safi, hazitikisiki. Kubwa ni ya manjano. Ndogo yake ina wekundu kidogo, kama kibatari cha mama kilivyokuwa kikionekana ukiwa unatoka kisimani. Nikatazama mpaka Nyamizi akanivuta gauni kwamba sikulipia kiti. Na mwalimu aliponiinamishia sikio, nikanong'ona: moja.

Nilidanganya, na sasa nikuambie kwa nini, maana hata Novatus nilikuwa nimemficha. Tangu Kwaresima ninaona vitu viwili viwili. Kuku mmoja ni wawili. Bodaboda moja ikija barabarani zinakuja mbili, sijui nikwepe ipi. Nikazoea kugawanya: chochote ninachoona, nakata nusu kabla sijasema. Kanisani, zamu yangu ya kusoma, mistari ya somo ilipandana, ikabidi nimwombe Nyamizi anisomee nyumbani, nikisingizia miwani imevunjika, nami nikalikariri lote. Padri alinisifu mbele ya watu kwamba mama Esperansia anasoma akiwatazama waumini, siyo kuinamia kitabu kama wengine! Nilitaka nizame chini ya sakafu. Basi nilipoona nyota mbili nikajua ni macho yangu yaleyale, nikagawanya.

Watu walipokwisha kupita, mwalimu akatangaza kwamba wote wameona mbili isipokuwa mtu mmoja, na jina hatalitaja. Nyamizi akapaza sauti kwamba huyo wa moja akapimwe macho, na wote wakaangua kicheko. Mimi nikacheka kuliko wote.

Kisha mwalimu akatueleza. Alisema zile ni nyota mbili kweli, pacha walioshikamana. Hakuna inayokaa katikati mwenzake akaizunguka. Zote mbili zinazunguka mahali palipo baina yao, mahali ambapo hapana kitu, na mzunguko mmoja ni kama miaka themanini, yaani umri aliofikisha marehemu mama yetu. Nikajikaza nikamuuliza kama haiwezekani nyota ikawa moja na jicho ndilo linalotudanganya. Hakunicheka. Alisema jicho linapodanganya linatoa nakala, mwenzake anafanana naye kwa rangi na kwa kila kitu. Hizi kila moja ina rangi yake, kwa sababu ile ndogo joto lake ni pungufu. Jicho haliwezi kutunga hilo.

Rangi yake! Dada, nilikuwa nimeiona rangi! Jicho langu la kushoto lilikuwa limeniambia kweli, nami nikalikana mbele ya mwalimu. Nikajitenga hadi kwenye taa ya veranda. Nikafumba jicho la kulia: taa moja. Nikafumba la kushoto: taa mbili, nyeupe vilevile, nakala tupu. Miezi yote hiyo nimeyapikicha macho yote mawili na kulia kwa Bikira Maria, sikuwahi hata siku moja kufumba moja moja.

Nilipofika nyumbani nilimweleza Novatus yote. Akauliza katika Novatus wawili niliokuwa nao ni yupi niliyempenda zaidi. Nikamjibu: yule anayepasua kuni. Jana akanipeleka hospitali. Daktari amesema ni mtoto wa jicho, yuko kwenye la kulia tu, la kushoto ni zima. Mwezi wa saba hilo la kulia linafanyiwa upasuaji, ni mfupi na watu wanarudi wanaona. Nikamwuliza kuhusu mama, nikamwelezea weupe ule uliokuwa kwenye mboni. Akasema bila kumpima hawezi kuapa, ila inaelekea ulikuwa huohuo. Dada, na sisi tulikuwa tunamtilia maji ya majani, tunauliza nani amemroga! Mwalimu anasema mwanga wa nyota ile unasafiri miaka minne na kitu mpaka utufikie. Kwa hiyo huu niliouona uliondoka huko mama bado yuko hai, amekaa mlangoni, anatuuliza ni nani amepita.

Sasa kuhusu mwanao Odeta. Aliponiomba nisome somo siku ya nadhiri zake za daima za utawa, nilikaa kimya, na barua niliyokuwa nimekusudia kukuandikia ilikuwa ya kukataa. Mwambie mama yake mdogo atasoma. Hata upasuaji ukichelewa, nitafunika jicho moja kwa kitambaa nisome, kanisa zima linishangae.

Nimebakiza neno moja, na ndilo lililonifanya niandike. Pasaka nilipokuja kwako, ulinimiminia chai pembeni ya kikombe mpaka ikafika kwenye mkeka, ukasema paka amekusukuma. Paka hakuwepo, dada. Na stendi ulinipita, ukageuka nilipokuita. Nilinyamaza kwa sababu na mimi nilikuwa naficha langu. Herufi hizi kubwa siyo kwa ajili ya macho yangu. Nimeziandika ili usome mwenyewe, usimpe shemeji akusomee.

Ukimaliza kusoma, washa taa. Funika jicho la kulia, tazama. Funika la kushoto, tazama. Uniambie unaona nini, na usigawanye kama mimi. Kisha njoo Ngara, daktari atupime siku moja, na Odeta akiweka nadhiri tumwone vizuri, yeye mmoja.

Salamu kwa shemeji na kwa wote hapo nyumbani. Mungu awalinde.

Tafadhali dada, nijibu upesi.

Mdogo wako akupendaye,
Esperansia