Jumuiya Imehamia kwa Jirani

Igogo, Mwanza
Jumapili

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Goti bado linakusumbua, au ile dawa ya kuchua imesaidia? Na migomba ya kule bondeni, mnyauko umeirudia? Mimi mwili ni mzima. Nakula, nalala, tena nalala mno.

Juzi uliniuliza kwa nini nashinda nyumbani siku za kazi. Nimeona nikuandikie, maana kwenye simu ungelia na mimi ningekosa la kusema.

Kiwandani nimesimamishwa kazi. Sijafukuzwa, Mama, usichanganye. Wanasema napisha uchunguzi. Kuna sangara walioharibika walikutwa kwenye shehena, na mkaguzi wa zamu ile nilikuwa mimi. Samaki niliowapitisha walikuwa wazima, na hilo nitalisema mpaka mwisho. Mshahara unaingia kama kawaida, ila nimekatazwa kukanyaga kiwandani na kukutana na mashahidi, na kamati ya nidhamu yenyewe haikai. Kila nikiuliza, afisa utumishi ananijibu, "Dada, subiri, utaitwa."

Nikachoka kusubiri. Wakili wa chama cha wafanyakazi akapeleka shauri mahakamani, tukaomba kusimamishwa kule kutenguliwe. Nilivaa lile gauni la kitenge ulilonishonea.

Wakili wa kiwanda akasimama akasema naingilia uchunguzi, eti nimeonekana nikishikana mikono na shahidi ndani ya nyumba ya mtu. Shahidi mwenyewe ni Mama Koku, jirani yangu wa ukuta mmoja, tunayefanya naye kazi meza moja. Unajua wanajumuiya tunasali nyumba kwa nyumba kila Jumamosi asubuhi, na mwisho tunapeana mikono ya amani. Alininyooshea mkono, ningeuficha wangu? Sikuwaza kabisa kwamba amani nayo imo kwenye katazo.

Jaji akaniuliza, "Mlizungumza nini?"

"Rozari, Mheshimiwa."

Watu wakacheka, hata karani. Mimi nilitazama feni tu.

Uamuzi umetoka Alhamisi. Jaji alisema kusimamishwa si adhabu, na haoni sababu ya mahakama kuingilia kati kabla kamati haijamaliza kazi yake. Akaagiza ikae upesi. Mpaka hapo nikae mbali na mashahidi, popote pale. Tulipotoka nje wakili wangu akanifariji, "Dada yangu, hujahukumiwa kwa kosa lolote." Nikamwambia asante. Nilidhani nitalia njiani, sikulia. Nimekufa ganzi, Mama. Hasira haiji, uchungu nao hauji. Naosha vyombo ambavyo nimekwisha kuviosha.

Jana jumuiya ilikuwa isali kwangu. Wakaihamishia kwa Mama Koku. Ukuta wetu ni wa tofali moja, nasikia hata kijiko kikianguka. Nikakaa kitandani na rozari yangu, wao wakianzisha mimi naitikia chini chini. Kwenye maombi wakawataja wagonjwa kwa majina, wakamtaja na mtoto wa mwenyekiti anayefanya mtihani wa kidato cha nne. Halafu nikaisikia sauti ya Mama Koku: "Tumwombee na ndugu yetu mmoja aliye mbali nasi."

Nikaitikia pamoja nao, "Ee Bwana, utusikie."

Usipande meli kuja huku. Kamati ikiniita nitakupigia mwenyewe. Nisalimie baba mdogo na ng'ombe zake, na wifi yangu hapo nyumbani, mwambie kahawa aliyonitumia ndiyo inayonifungua macho asubuhi. Shangazi wa kwaya naye mpe pole ya kikohozi.

Na huko kwenye jumuiya yenu, Mama, ukifika wakati wa maombi, usiseme tumwombee binti yangu aliye Mwanza. Nitaje kwa jina, na uliseme kwa sauti.

Ni mimi mwanao,
Adelina