Kwa Baba Bartolomeo Limbu, Aliyeonyesha Mahali pa Stesheni

Mwaka umetimia leo, Baba, tangu maji ya Aprili 1978 yakuchukue pale stesheni. Mama alisema tuandike mazuri yako tu. Tutayaandika, ila na lile jingine tutalisema, maana wewe mwenyewe ulichoka kulibeba.

Ulikuwa mtu wa huruma, na mkaidi kupita kiasi. Ulifagia stesheni mara mbili kwa siku, hata siku isiyo na treni. Ukishavaa kaki zako ulijifanya wewe ndiye stesheni masta, na stesheni masta mwenyewe alikuachia. Abiria waliofika kutoka Igawa wamelowa uliwapa uji wa kwenye chupa yako, kisha unarudi nyumbani unamlalamikia Mama kuwa una njaa.

Sasa lile jingine. Mwaka 1970 wapimaji walikuja. Njia ya reli ilikuwa imeshapangwa, bado mahali pa kujenga stesheni. Walitaka kwenye mwinuko, na kwenye mwinuko ndipo alipolala Bibi Kabula, mama yako, mtu wa kwanza wa ukoo wetu kuzikwa Usangu tangu tuhame Usukumani. Ulikuwa ukituambia kwamba kaburi lile ndilo linalotufanya tuhesabiwe wenyeji.

Wakakuuliza maji ya masika yanafika wapi. Ukawaonyesha pale chini, ukasema hata pale hayafiki. Mzee Saulo, jirani yetu Msangu, akakuvuta pembeni.

"Limbu, pale si tulivua kambare mwaka juzi tu?"

"Nyamaza, Saulo. Mama yangu hafukuliwi."

Akanyamaza. Stesheni ikajengwa palepale.

Masika ya kwanza maji yaliingia hadi chumba cha abiria. Ndipo ulipoenda kuomba kazi pale, na ndipo ulipoanza kuchimba mtaro. Miaka minne, kila ukimaliza kufagia unashika sururu, hukutumwa na mtu wala hukulipwa. Watu walikucheka. Sisi wanao tulikuonea aibu, na hilo tunakuomba radhi.

Siku ile mchana maji yalipanda haraka. Uliwabeba abiria mgongoni mmoja mmoja hadi kwenye tuta la reli. Wa mwisho alikuwa Atuganile na mtoto wake mchanga. Anasema ulimwuliza kama mtoto amelowa, halafu ukarudi kufuata mizigo yao. Maji ya tope yalikuwa yamefunika kila kitu. Ukatumbukia kwenye mtaro ule ule uliouchimba mwenyewe. Tulikupata siku ya tatu, tukakuzika ubavuni kwa Bibi.

Tulikukasirikia sana, Baba. Wengine wetu bado.

Mwezi uliopita wapimaji walirudi, maana stesheni inahamishwa. Wakauliza swali lile lile mbele ya wazee wote, na wazee wote wakamtazama Mama. Unamjua Mama, mtu wa Kihesa, hapendi kusemwa. Aliinuka, akawatangulia hadi mwinukoni, akasimama katikati ya makaburi mawili.

"Maji hayafiki hapa," akasema.

Kiangazi hiki tutawafukua, wewe na Bibi, tuwahamishie nyuma ya kanisa. Padri ameshakubali. Roza alimwuliza Mama kama hutakasirika. Mama alikuwa anapepeta mchele, hakuinua uso. "Akikasirika," alisema, "anikasirikie mimi."

Tunaokukumbuka ni mkeo Juliana, wanao Seni, Roza na Shija, mdogo wako Nkuba, na Mzee Saulo, ambaye si ndugu lakini ameomba jina lake liwemo.

Hatutakusahau, Baba, popote tutakapokulaza.