Mama Yumo Kwenye Kofia Yako

Ngamiani,
Tanga.
11 Februari 2025

Mpendwa kaka Mselem,

Assalaam aleikum, na shikamoo juu yake, ingawa shikamoo hii imetoka kwa kuvutwa. U mzima? Shemeji na mtoto hawajambo? Lile goti limeachia? Sisi huku wazima, ila mimi kifua kinanichemka.

Juzi kwenye simu nilikukatia makusudi. Nakueleza msiba, wewe wacheka, eti utaniletea pakiti nzima ya sindano! Kaka, mimi nimekwenda baharia mpaka Durban na Bombay, nimetukanwa kwa lugha saba, halikuniuma neno kama hilo.

Sikiliza tena, na mara hii usicheke. Shule niliachia darasa la tano, lakini nitafutie profesa anayeweza kuchonga mtu akamkalisha ndani ya tundu la sindano. Miezi minane nimeinamia darubini, nachonga kichembe cha kifuu baina ya pigo na pigo la moyo, pumzi nimeibana, maana nikipumua tu, kwaheri. Nikamtoa marehemu mama kakaa juu ya mbuzi anakuna nazi, mguu mmoja kaunyoosha. Wajua mwenyewe picha alikataa kupigwa maisha yake yote. Sura yake ilikuwa pale tu. Maalimu alikuja kunionya kuwa sanamu ni haramu. Nikamwambia, "Ione kwanza, ndipo uiharamishe." Kakodoa macho, hakuona kitu, akaenda zake.

Sindano nikaichomeka kwenye kizibo, nikaifunika glasi. Dada yetu Najat, akikushonea kofia ya Idi, sindano yake ikakatika. Kaifunua yangu, kalamba uzi, katunga! Kamsukuma mama kwa mate, kamaliza kofia, kampa Ayubu, aliyekuwa akisafiri kuja huko kwenu, akuletee. Mimi nakuja kugundua, Ayubu yuko angani.

Nilipiga kelele mpaka majirani wakatoka. Naye ananijibu, "Kwani ulinionyesha? Miezi minane wanifungia mlango, nitajuaje kama mama yumo?" Tangu hapo sisemi naye, na chai yake nainywa kwa kinyongo. Kinachoniudhi zaidi, neno lake hilo nalitafutia jibu siku ya nne leo, sijalipata.

Basi kofia usiivae, usiifue, usiitie wanga, wala usiipulize. Itie kwenye mfuko safi, uufunge, uje nayo mwenyewe Idi hii. Huenda mama kanasa kwenye kitundu kimojawapo cha darizi, na vitundu vya Najat ni mamia. Nitavipitia kimoja kimoja.

Nikimpata, simwiti maalimu wala mzungu wa kununua. Atakayechungulia mwanzo ni Najat, hata akae kutwa nzima. Wewe utangoja nyuma yake, kwa kile kicheko chako.

Wasalimie shemeji Khadija na mwanetu Tausi. Mola akuhifadhini nyote, na akuzuilie chafya karibu na huo mfuko.

Wako akupendaye, ingawa umeniudhi,
Sabiri