Kanda ya Babako Mikononi mwa Waukraine

Manfuha, Riyadh
Ijumaa, 8 Novemba 2019

Kwako mwanangu Kemunto,

Naamini barua hii itakukuta mzima, wewe na mama yako Sellah na wadogo zako hapo Kebirigo, na kwamba mvua haijawakatia barabara. Mimi babako mdogo sijambo. Joto limepungua, goti linauma kidogo, lakini huku bado hajazaliwa dereva wa kunifikia. Hata kafili wangu, yaani mwajiri aliyenidhamini huku, husema mbele za watu kwamba Josphat akishika usukani, basi lenyewe hunyamaza kwa heshima. Anayekuletea barua ni Rael, yule dada wa kwetu aliyekuwa akifanya kazi ya nyumba kule Al-Mahjar, Jeddah. Amemaliza mkataba, anarudi. Mpikie chai. Ana maneno mengi, na mengine usiyaamini.

Ujumbe wako niliupata, na ule wa pili pia. Unauliza kanda ya marehemu babako iko wapi, kwa sababu Desemba mnafanya ibada ya miaka kumi na mnataka sauti yake isikike pale nyumbani. Nimeona nijibu kwa kalamu. Jambo hili haliingii kwenye simu, mwanangu. Lina bendi ndani yake, lina Waukraine, lina usaliti. Kaa chini kwanza.

Unakumbuka nilipokuja likizo mwaka 2016, mama yako alinikabidhi kanda ile ikiwa imefungwa kwenye leso. Alisema imeanza kukwaruza na hakuna sauti nyingine ya Hezekiah duniani. Nikamwambia asijali, Riyadh kuna mashine za kuisafisha hata babako asikike akimeza mate. Nilisema hivyo mbele ya wazee wote, na sikuwa nadanganya. Mashine zipo.

Sasa, kwenye makazi ya wageni ninakoendesha basi waliishi mafundi wanne kutoka Ukraine, wa kutengeneza mitambo ya hospitali. Mkubwa wao aliitwa Ostap, mrefu, ndevu mpaka kifuani, mpiga gitaa. Mwimbaji wao, Bohdan, alikuwa akiimba kama mtu anayetapika misumari. Walikuwa na bendi yao, Zalizna Verba, na waliniambia maana yake ni mti wa chuma. Wakati ule muziki wa namna hiyo haukutajwa kwa sauti huku, kwa hiyo walijifungia stoo nyuma ya chumba cha dobi, kuta zote zimefunikwa magodoro. Magodoro hayo niliyabeba mimi, kumi na manne, kwa safari mbili. Usicheke. Na siku ya kwanza walipowasha spika zao, maji ya bwawa la kuogelea yalikimbilia upande mmoja, yakakaa huko mpaka wimbo ukaisha. Mhindi wa kusafisha bwawa aliona kwa macho yake, ila alisharudi kwao.

Mwanzoni, nikuambie ukweli, hawakuwa na kitu. Walikuwa wakiiga nyimbo za watu, mbio mbio, kama mabati yanaburutwa kwenye lami. Nikawaambia yalla, haya, punguzeni, kwani mnafukuzwa na nani? Bohdan akaniuliza kama nimeajiriwa dereva au mwalimu wa kwaya. Wakacheka, nami nikacheka, lakini neno lilishaingia.

Kisha ikaja ile kanda. Nilinunua redio kuukuu sokoni Al-Dirah, nikawa naicheza ndani ya basi nikiwasubiri abiria. Asubuhi moja Ostap alikuja apande, akasimama mguu mmoja kwenye ngazi, na hakupanda mpaka upande mzima wa kanda ukaisha. Wenzake wakawa wanamsukuma kwa nyuma, wanamwambia wanachelewa kazini. Akauliza chombo gani kinanguruma vile. Nikamweleza ni obokano, nyuzi nane, kikubwa kama ndama, na mpigaji akikigusa, tumbo lako ndilo linasikia kabla ya masikio. Akauliza ni nani anayepiga na kuimba. Nikamjibu. Nilivyomjibu nitakuambia, subiri.

Tangu siku hiyo bendi ile ikawa nyingine. Walilegeza nyuzi za gitaa mpaka zikawa zinapepea kama kamba za kuanikia nguo. Mpiga ngoma akaacha mbio, akajifunza kukanyaga pole pole kama mzee anayepanda mlima wetu. Bohdan aliacha kupiga kelele, akaanza kunguruma kifuani, na kwa mara ya kwanza nikasikia kwamba jamaa ana sauti. Wimbo wa babako waliuingiza ndani ya wimbo wao, sauti ya Hezekiah katikati na magitaa yamemzunguka, dakika tisa nzima. Walipourekodi pale stoo na kuutuma kwao, rafiki zao waliuliza kama wamerogwa. Mwaka uliofuata wakaomba likizo wakaupiga huko Ukraine, kwenye uwanja wa nyasi, na Ostap alirudi akanisimulia kwamba watu elfu kadhaa walisimama kimya bila hata kukohoa. Mimi nikisimulia Manfuha nasema elfu hamsini. Waliniita profesa. Kinyozi wangu mpaka leo ananiita hivyo. Na Ostap aliniahidi kwamba siku wakipiga huku nitapandishwa jukwaani na kutajwa.

Mwaka huu kampuni yao iliwahamishia Jeddah. Kabla hawajaondoka, Ostap aliniomba kanda kwa wiki moja, akasema kuna fundi anayeisafisha vizuri. Nikampa na leso yake. Wiki ikawa mwezi. Nikiuliza, naambiwa mafi mushkila, profesa, hakuna shida.

Mwezi wa saba wakatangaza onyesho, la wageni watupu, ndani ya makazi ya huko kando ya bahari. Mimi ndiye niliyewapelekea ngoma na spika kutoka Riyadh. Watu hutumia saa kumi, mimi nilitumia saba, nimevaa suti ile ya harusi ya shangazi yako. Getini mlinzi akatazama karatasi yake, akasema mafi ism, hakuna jina. Nikamwambia atazame tena, labda nimeandikwa profesa. Akaniuliza profesa gani anashusha spika. Ostap nikampigia, simu ikalia mpaka ikachoka. Vijana wengine wakashusha mzigo, mimi nikabaki kwenye maegesho na suti yangu. Saa kumi na moja jioni nikamsikia ndugu yangu akiimba ng'ambo ya ukuta, na watu wakimpigia makofi.

Kesho yake nikaenda Al-Mahjar kumwona Rael. Akanionyesha kwenye simu yake albamu mpya ya Zalizna Verba. Wimbo wetu ni wa sita. Majina yamo yote: wao wanne, aliyechora picha, hata mwanamke aliyewapikia. Kwenye wimbo wetu wameandika ni wa jadi, wa Afrika, mwimbaji hajulikani. Rael akaniuliza profesa ameandikwa wapi, au ni yule asiyejulikana. Alicheka mpaka akaketi.

Nilimfuata Ostap kazini kwake. Aliniambia kanda ilichanganyika na vitu kwenye sanduku lililotangulia Ukraine, na kwamba ameuliza na haijaonekana. Alisema kama mtu aliyepoteza kalamu! Septemba mikataba ikaisha, wakaenda zao wote wanne. Hawakuniaga. Watu niliowalisha ugali wangu, niliowabebea magodoro, niliowafundisha kutembea ndani ya muziki wao wenyewe. Kemunto, sijawahi kutendwa hivi na mtu yeyote, hata wakala aliyenileta huku.

Kama ningekuwa Josphat mnayemjua ningeweka kalamu chini hapa, mkawalaani Waukraine, tukamaliza. Lakini Rael anajua nusu, na nusu hiyo ataisema.

Ostap aliponiuliza pale kwenye ngazi ya basi ni nani anayeimba, nilimwambia ni mimi. Nikasema ni sauti yangu ya ujanani. Neno lilinitoka tu, na lilipotoka nikaliona ni zuri.

Na wewe ni mtoto wa mpiga obokano, unajua mpigaji anavyoanza. Hagusi wimbo kabla ya kujitaja: yeye ni nani, mwana wa nani, wa mlima gani, ili wimbo usitembee bila mwenyewe. Babako alijitaja dakika nzima. Niliogopa Ostap atalisikia jina la Hezekiah. Nikamwambia zile ni salamu tu za wageni wa harusi, hazina kazi, azikate. Akazikata kwenye kompyuta yake, mimi nimesimama nyuma yake nikimwonyesha kwa kidole mahali pa kukata.

Siku ile kazini kwake nilimfokea kwamba ametupa jina la kaka yangu. Nikasikia nilichosema nimeshachelewa. Akanitazama. Akasema polepole kwamba alijua tangu mwanzo si mimi, kwa sababu kila aliponiomba niimbe nao nilikuwa na mafua. Akasema kila aliponiuliza ni nani nilijibu ni mimi. Uongo hakutaka kuuandika na ukweli hakuwa nao, kwa hiyo aliandika hajulikani. Nikamwambia halas, yameisha, nikatoka. Kanda ameipoteza yeye, na hilo simsamehe. Jina sikuibiwa, Kemunto. Nililikata mimi.

Rael ameuweka wimbo kwenye flashi, atakupa. Ndio wote uliopo, na unaanzia kwenye nyuzi, babako mwenyewe hayupo mlangoni. Yaliyokosekana nakuandikia kama nilivyoyasikia, maana siku aliyorekodi kanda nilikuwa nyuma yake nimemshikia koti. Alisema hivi kwa Kikwetu, na wewe uyasome kwa Kikwetu kabla flashi haijawashwa:

Anayepiga ni Hezekiah, mwana wa Nyamweya, mjukuu wa Ombati, wa Kebirigo. Aliyenizaa ni Bosibori. Chombo nimekichonga mwenyewe, na ngozi ni ya fahali wangu. Ukisikia wimbo huu kwa mwingine, mwulize ameuokota wapi.

Mwisho akamtaja mama yako, si kwa Sellah, kwa jina jingine la sifa alilompa yeye, na mama yako akafunika uso akicheka mbele ya watu wote. Jina hilo limenitoka. Nimelitafuta wiki tatu. Hakuna anayelikumbuka ila yeye, kwa hiyo itabidi umwulize, naye atataka kujua kwa nini unauliza. Msomee barua hii. Usiruke mahali.

Wasalimie wadogo zako, na yule mzee jirani, na kanisa zima. Mimi niko hapa, ninawaombea ibada njema, na jibu lolote la mama yako nitalipokea.

Ni mimi, mdogo wake Hezekiah,
Josphat Nyamweya