Mrija wa Babu Yako

Mjukuu wangu Neema,

Salamu zako zimefika hapa Makere. Maharage yameota, shangazi yako amejifungua salama. Babu yako yuko kitandani, nisikufiche.

Umeuliza nilitulizaje moyo harusi yangu ilipokaribia, kama yako sasa. Sikuutuliza. Mtama wa pombe uliingia ukungu, na siku zilikuwa zimebaki chache. Nililia, nikataka harusi iahirishwe. Mama hakunibembeleza. Aliloweka mtama mwingine, akanipa kisu nikate mirija ya wazee kunywea mtungini, kila mzee na wake.

"Kata na wa baba yako," akasema.

Baba tulipotezana naye tukikimbia kutoka Burundi, na hatukusikia tena habari zake.

"Mama, hatakuja."

"Najua. Kata."

Nikakata. Sikuulilia tena mtama. Nilikuwa na kilio kingine, lakini mikono ilikuwa na kazi.

Wewe kamilisha ya huko, ya pombe niachie mimi. Mtama wa harusi yako niliouloweka unaota vizuri, na mirija niliikata jana. Nilianza na wa babu yako, ingawa sasa hata maji hamezi.

Ni mimi bibi yako, ninayekungoja.