Mifuko Ambayo Sikuishona

Chumbani kwangu, nyuma ya kiwanda cha saruji,
Jumamosi, tarehe nane.

Mpendwa mwanangu, kitinda mimba wangu,

Hujambo huko? Unakula? Kile kikohozi chako cha alfajiri kimekuacha, au unanificha? Nijibu kweli. Baba yako anakusalimu, goti linamsumbua lakini bado analinda geti la kiwanda. Shangazi yako anakusalimu, anasema umemtupa. Dada yako anakusalimu, na mwanawe pia. Mtoto ameanza darasa la kwanza, ila wiki hii nzima amelala tu, kifua kinapiga filimbi. Hapo ndipo barua hii inapoanzia.

Mwanangu, lile vumbi limerudi. Asubuhi naanika shuka nyeupe, adhuhuri naanua shuka ya kijivu. Sahani tunazifunika kabla ya kula, na wakati wa kula pia.

Unajua ni mimi ninayeshona ile mifuko mirefu ya kuchuja vumbi, inayotundikwa chini ya bomba la moshi kama soksi za jitu. Hewa ipite, vumbi libaki. Kazi hiyo ulinitafutia wewe, ulipokuwa fundi wa kuitundika. Ikitoboka, hata tundu la kidole, ni sawa na kuchota maji kwa chekeche.

Basi tangu mwaka jana kitambaa kipya sijakiona. Juzi msimamizi, yule tunayemwita Bwana Kesho, akaniletea furushi la mifuko chakavu niitie viraka, na karatasi niitie sahihi. Shule yangu unajua ilipoishia, lakini nilisoma neno kwa neno: eti nimeshona mifuko mipya arobaini na minane. Alhamisi mkaguzi wa serikali anakuja, karatasi hiyo ndiyo atakayoonyeshwa.

Nikakataa. Akacheka, "Mama, ni wino tu." Nikamwambia, "Basi tia wewe."

Mifuko yenyewe sikuirudisha. Nimeianika yote mbele ya nyumba, matundu yakitazama barabarani. Jana akaja tena, safari hii hacheki. "Mama, anua hizo nguo zako." Nikamjibu, "Si zangu baba, ni zenu. Zangu zimetiwa viraka." Fundi viatu wa jirani alicheka mpaka akaangusha nyundo.

Naogopa, sikufichi. Baba yako ameambiwa kwamba geti linaweza kupata mlinzi mwingine. Nilidhani atanigombeza. Alitoka nje akaongeza vibanio kwenye kamba, upepo usije ukaiangusha.

Bwana Kesho anasema atakupigia simu wewe unibembeleze. Labda ameshakupigia. Kama ulipanga kuniambia nisaini, mwanangu, usipoteze karatasi. Sikukubeba miezi tisa ili uje unifundishe woga.

Ninachotaka ni hiki. Ile ngazi uliipanda miaka miwili. Uliniambia mara moja, kwa aibu, kwamba siku nyingine mlikuwa mnaacha nafasi za mifuko wazi na mtambo unawashwa hivyo hivyo, hasa usiku, watu wasipoona moshi. Yaandike hayo kwa mkono wako, na jina lako chini. Mimi nitaambiwa ni mshonaji tu, ya ndani ya mtambo nayajulia wapi? Wewe unayajua. Najua na wewe unaogopa, kwamba wanaweza kukuharibia hata huko uliko. Niogope mimi kwanza.

Msalimie mkeo, mwambie namshukuru kwa kukutunza. Msalimie na yule mama mwenye nyumba wenu. Mungu awafungulie njia na awazibie wanaowatakia mabaya.

Barua hii nampa dereva wa lori, yule rafiki wa baba yako. Atarudi Jumatano, mpe jibu mkononi, usimwambie utatuma baadaye. Akija mikono mitupu, Alhamisi nitajitwika furushi langu na kwenda kwa mkaguzi peke yangu. Nitakwenda, mwanangu. Ila ningependa niwe na neno lako.

Nikupendaye nikiwa macho na nikiwa usingizini,
Mama yako.