Sauti Niliyomwazima Werema

Kisaka, 14 Septemba 1959

Ndugu yangu mpendwa Marwa,

Salamu nyingi zikufikie huko Musoma. Habari za kazi, na mguu uliokuwa ukikusumbua umepona? Sisi huku tu wazima. Mvua bado inaturingia, lakini mtama wa mama yako uliiva vizuri, na mwenyewe ana nguvu za kutugombeza wote tangu asubuhi. Yuko hapa kando yangu, anachambua maharage. Ndiye aliyenituma nikuandikie.

Unaijua kazi yangu ya kelele kwenye gari la sinema: picha inasema kigeni, mimi nashika kipaza sauti na kueleza. Wiki iliyopita tulileta Kisaka picha ya Waitaliano, iliyotokana na utenzi wao wa zamani, juu ya vita vya kugombea mji mtakatifu. Kiitaliano sikijui hata cha kuombea maji. Nina karatasi moja ya maelezo, mengine natunga, na watu wanapenda zaidi yale ninayotunga. Kuna shujaa anayempiga upanga adui aliyefunikwa chuma mwili mzima. Akimvua kofia, anakuta ni mwanamke anayempenda. Hapo wanawake walilia, na wazee wakajifanya wanakohoa.

Baadaye kidogo akatokea askari mweusi, ameshika hatamu za farasi. Aligeuza shingo tu, basi. Mama yako akasimama, akapaza sauti kwamba yule ni mwanawe Werema, kaka yako asiyerudi vitani. Akaja hadi kwenye gari akiruka miguu ya watu, akaniuliza kwa nini nimewasemea Wazungu wote na mwanawe nimemwacha bubu. Watu wote wakageuka kunitazama. Marwa, nilishindwa. Nikasema kwenye kipaza sauti, kwa sauti ya Werema kama ninavyoikumbuka, kwamba yeye ni mzima na mama asichoke kumngoja.

Tangu siku hiyo anaimba. Yale mliyokubaliana, kwamba Nyangi wa Busawe aolewe kwa jina la Werema ili nyumba yake ipate watoto, ameyakataa. Anasema kumwolea mtu mke ni mambo ya wafu, na mwanawe atakuja kuchagua mwenyewe. Amewaagiza wazazi wa binti wamwoze kwingine, nao wanangoja neno lako hadi Jumapili ijayo. Barua aliyonituma niandike ni fupi: kaka yako yu hai, yuko Uitaliano, usilete ng'ombe.

Sasa soma polepole. Yule si Werema. Hata si mtu mweusi. Ni Mzungu aliyepakwa masizi. Picha hiyo nimeionyesha mara kumi na moja, na akiinua mkono unaona weupe kwapani. Werema nilimzika mimi, Burma, mwaka 1944, kando ya mto, nikichimba kwa sahani yangu ya chakula. Zamu ya kuchota maji ilikuwa yangu. Nilikuwa na homa kidogo, nikaifanya kubwa, akaenda yeye, na risasi ikamkuta huko mtoni. Wakubwa niliwaambia sikumwona, ndiyo maana karatasi ya serikali ikasema amepotea. Niliporudi mwaka 1946, mama yako alinilaki njiani na uji, akauliza yuko wapi, nikajibu kwamba atakuja na meli nyingine. Miaka kumi na tatu nakunywa uji wake, na kila kibuyu kinanichoma.

Njoo kabla ya Jumapili. Nyumba ya kaka yako isife kwa sababu ya mdomo wangu. Ukifika nipige ukitaka, lakini simama nami wakati namwambia. Peke yangu nimejaribu kila siku wiki hii, naishia kumsifia maharage.

Mama yako anakusalimu sana. Anauliza mbona barua ni ndefu wakati maneno yake yalikuwa machache. Nimemjibu kwamba nayapamba. Amefurahi, na amesema niongeze kwamba Werema amenenepa.

Ni mimi, niliyeondoka na kaka yako,
Stanslaus Kisyeri